Yule Mwenye Kola Nyeupe: Namna Mchoro Mmoja wa Kihispania Unavyosomwa

Ukiufungua mchoro huu kwenye simu, usianze na maelezo ya chini. Uvute karibu kwa vidole viwili mpaka kola ijae kioo. Ile lesi nyeupe, ambayo ukiwa mbali ungeapa unaweza kuhesabu matundu yake, haina hata tundu moja. Ni michirizi ya nyeupe na kijivu iliyopigwa mbio mbio, mingine mikavu, mingine majimaji, kama ya mtu aliyekuwa anawahi safari. Rudi nyuma kidogo: lesi hiyo imerudi. Panda usoni. Ngozi ya maji ya kunde, nywele nyeusi nzito, ndevu, na kwenye paji la uso mwanga umetua kama jasho lililokauka. Macho yanakutazama wewe, na hayakuombi kitu. Mkono wa kulia umepita mbele ya mwili, na kwenye kiwiko kuna kidoa cheupe, mahali nguo inapoonekana kuchanika.

Sasa ndiyo usome maelezo. Mchoraji ni Diego Velázquez, Mhispania, aliyezaliwa Seville 1599 na kufariki Madrid 1660. Mchoro ni wa 1650, rangi za mafuta juu ya turubai, sentimita 81.3 kwa 69.9. Upo Metropolitan Museum of Art, New York. Aliyechorwa anaitwa Juan de Pareja.

Maelezo mafupi kama hayo hayatoshi kukuambia jambo kubwa kuliko yote: siku alipochorwa, Pareja alikuwa mtwana wa Velázquez. Kisheria alikuwa mali yake, kama farasi, au kama hiyo turubai yenyewe.

Wengi wetu tunamfikiria mwanahistoria wa sanaa kuwa mtu wa kusimama mbele ya picha akisifia rangi na kutikisa kichwa. Kazi yenyewe inafanana zaidi na kesi ya shamba. Nani alimwuzia nani, mwaka gani, mbele ya shahidi gani? Hii hati tunayoonyeshwa iliandikwa siku ile, au iliandikwa baadaye na mtu mwenye haja zake? Uzuri wa shamba unazungumzwa mipaka ikishajulikana. Mchoro wa Pareja ndio ninaoutumia kila mtu anaponiuliza kwa nini tulipe watu watueleze picha ambayo macho yetu wenyewe yanaiona.

Hadithi iliyopendwa

Aliyeandika kirefu kuhusu Pareja, na ambaye wengi walimnakili, ni Antonio Palomino, naye mwenyewe mchoraji, katika mkusanyo wa maisha ya wachoraji wa Kihispania uliochapishwa 1724. Wakati huo Pareja alikuwa kaburini zaidi ya miaka hamsini.

Palomino anasimulia hivi. Velázquez, kwa kulinda heshima ya sanaa, hakumruhusu mtumwa wake kugusa brashi. Kazi yake ilikuwa kusaga rangi na kuandaa turubai. Pareja akajifunza kwa siri, akiiba saa za usingizi wake. Siku moja akauacha mchoro wake karakana, umegeuzwa uso ukutani, akijua kwamba Mfalme Philip IV, ambaye Velázquez alikuwa mchoraji wake, akiingia mle hawezi kupita mchoro uliogeuzwa bila kuugeuza autazame. Mfalme akaja, akaugeuza, akashangaa. Pareja akapiga magoti, akaungama, akaomba kinga. Mfalme akamwambia Velázquez kwamba mwenye kipaji kama hiki hawezi kuwa mtumwa. Pareja akawa huru.

Tamu, sivyo? Kuna siri, kuna ujanja wa mnyonge, kuna mfalme mwadilifu. Ukiisikiliza kwa sikio la pwani utamsikia Abunuwasi ndani yake. Ndiyo maana inafaa kuishuku. Hadithi iliyokaa vizuri hivi kwa kawaida imepita mikononi mwa watu wengi, na kila mmoja ameipiga msasa kidogo.

Palomino alikuwa na sababu zake. Hispania ya karne ya 17 ilikuwa na ugomvi mrefu juu ya mchoraji ni mtu wa aina gani: fundi, kama seremala na mshona viatu, au mtu wa elimu, kama mshairi? Halikuwa suala la majivuno tu, kwa kuwa fundi alitozwa kodi ya mauzo na kufungiwa milango ya vyeo. Velázquez mwenyewe, alipotaka kuingizwa katika daraja la mashujaa wa Santiago, ilibidi mashahidi waapishwe kuthibitisha kuwa ukoo wake hauna damu ya Kiyahudi wala ya Kiislamu, na kwamba hajawahi kuishi kwa kuuza michoro kama mwenye duka. Alikubaliwa 1659, mwaka mmoja kabla hajafa. Waliotetea wachoraji walisema uchoraji umo katika zile sanaa ambazo Walatini waliziita sanaa za watu huru. Sasa mtumwa anayechora utamweka wapi? Ama sanaa si ya watu huru, ama yeye si mtumwa. Hadithi ya Palomino inaufungua mtego huo kwa neno moja la mfalme. Ukisoma tena utaona kwamba mshindi wake hasa ni uchoraji, na Pareja ni shahidi aliyeitwa kuja kuutetea.

Na huyo mfalme si mgeni kabisa kwetu. Kati ya 1580 na 1640 Ureno na Hispania zilikuwa chini ya taji moja. Fort Jesus ya Mombasa ilianza kujengwa 1593, babu yake, Philip II, akiwa kwenye kiti. Na Agosti 1631, Yusuf bin Hasan, yule mtawala wa Mombasa ambaye Wareno walimlea Goa na kumbatiza Jerónimo, alipowageuka na kuiteka ngome, aliyekuwa ameasiwa kwa jina alikuwa huyu huyu Philip IV ambaye Velázquez alimchora miaka nenda miaka rudi na lile taya lake refu. Mameneja wa majumba ya makumbusho hawalisemi hilo kwa wageni wao, na sioni sababu ya kuwalaumu. Lakini mtu wa Mombasa akisimama mbele ya sura hiyo ana haki ya kusema: huyu tunamjua.

Karatasi ya Roma

Mwaka 1649 Velázquez alisafiri kwenda Italia kumnunulia mfalme sanamu na michoro ya kupamba kasri lake. Pareja alikwenda naye. Huko Roma ndiko mchoro wetu ulikochorwa, na Palomino anasema ulionyeshwa hadharani Pantheon, jengo la kale la Roma lililogeuzwa kanisa, tarehe 19 Machi 1650, siku ya Mtakatifu Yosefu, pale chama cha wasanii wa Roma kilipotundika kazi za wanachama wake. Wachoraji wa mataifa mbalimbali, anasema, walikubaliana kwamba vingine vyote ni michoro, hiki peke yake ni kweli. Mwaka huo huo Velázquez alimchora Papa Innocent X, mchoro ambao bado uko Roma, kwenye jumba la Doria Pamphilj. Inasemekana sura ya Pareja ilikuwa zoezi la kunyoosha mkono kabla ya kumkabili Papa. Zoezi au si zoezi, binafsi nikiambiwa nichague mmoja nitamwacha Papa pale pale alipo.

Mpaka hapo tumemfuata Palomino. Mwaka 1983 mwanahistoria wa sanaa Mwingereza, Jennifer Montagu, ambaye kwa kweli ni bingwa wa wachongaji sanamu wa Roma, alichapisha hati aliyoikuta kwenye kumbukumbu za mawakili wa mji huo. Tarehe yake ni 23 Novemba 1650. Ndani yake Velázquez anamwacha huru Juan de Pareja, mtoto wa Juan de Pareja mwingine, wa Antequera katika jimbo la Málaga. Uhuru huo haukuanza siku hiyo. Ulikuwa na sharti la miaka minne, na katika miaka hiyo Pareja asitoroke wala asitende jinai.

Karatasi moja, na hadithi nzima ya mfalme inaporomoka. Hakuna karakana ya Madrid wala mchoro uliogeuzwa ukutani. Philip IV alikuwa mbali, ng'ambo ya bahari. Aliyeandika uhuru ni bwana mwenyewe, mbele ya wakili, kwa lugha kavu ya mikataba, akijibakishia miaka minne ya kazi. Watu wa pwani watalielewa hili upesi kuliko wasomaji wengi wa New York. Familia iliyowahi kutunza sandukuni cheti cha uhuru kilichotolewa Unguja baada ya amri ya 1897 inajua kwamba uhuru unaweza kufika kama karatasi yenye masharti, na kwamba siku inayofuata mtu anaamka alfajiri kwenda kazini kule kule.

Hati hiyo inafuta pia kosa la pili, la siku hizi, linalosemwa na waongoza wageni wengi: kwamba mchoro ndio uliomkomboa Pareja. Kati ya Pantheon na wakili kuna miezi minane. Kwamba Velázquez aliguswa na sifa za ule mchoro akaamua kumwachia, inawezekana. Hakuna karatasi inayosema hivyo. Tunachoweza kusema bila wasiwasi ni kwamba Warumi walipokuwa wanamsifia mtu yule mwenye kola nyeupe kuwa ni kweli tupu, alikuwa bado mtumwa, na kwa mujibu wa sharti lile aliendelea kufungwa hadi 1654.

(Makala hiyo hiyo ya Montagu ilifichua pia kwamba Velázquez aliacha mtoto Roma, Antonio, aliyezaliwa nje ya ndoa. Kumbukumbu za mawakili hazina adabu.)

Alitoka wapi?

Palomino alimwita mzaliwa wa Seville, mtu wa damu mchanganyiko na "rangi ya ajabu". Hati inasema Antequera, mji wa bara huko Andalusia ambao Wakristo waliuteka kutoka kwa Waislamu 1410. Alizaliwa yapata 1608, mwaka mmoja tu kabla ya serikali kuanza kuwafukuza Wamorisco, wale wajukuu wa Waislamu waliobatizwa. Kwa hiyo swali ambalo wageni huliuliza kwanza, kama Pareja ni Mwafrika, halina jibu la neno moja. Watumwa wa Andalusia walitoka pande nyingi: Afrika Magharibi kupitia Lisbon, Afrika Kaskazini kwa vita na uharamia baharini, milima ya Granada baada ya uasi wa Wamorisco wa 1568 hadi 1571. Wengine walikuwa wazalia tu, wamezaliwa ndani ya nyumba ya bwana wa mama yao. Hesabu ya kanisa ya 1565 ilikuta Seville watumwa 6,327 kati ya wakazi 85,538. Ukipita sokoni, katika kila watu kumi na watatu au kumi na wanne, mmoja ni mtumwa.

Hilo linabadilisha namna ya kuitazama michoro mingine ya Kihispania. Velázquez kabla hajafika miaka ishirini na mitano alimchora mwanamke mwenye asili ya Afrika jikoni, ameinama juu ya meza yenye kitunguu saumu, kinu na mitungi. Kuna nakala mbili mashuhuri, moja Chicago na moja Dublin. Ile ya Dublin ilisafishwa 1933, na chini ya rangi iliyopakwa baadaye kikaibuka kidirisha ukutani kikimwonyesha Yesu mezani Emau na wanafunzi wake. Mchoro wa jikoni ukageuka mchoro wa Injili, na mpishi akageuka shahidi: anasikia kinachoendelea chumba cha pili. Jambo dogo kama kuondoa rangi ya mtu aliyejifanya anatengeneza linaweza kumpandisha mtu mwenye kitambaa kichwani kutoka pambo hadi kiini.

Murillo, mchoraji mwingine wa Seville, naye alimiliki watumwa. Katika mchoro wake wa wavulana watatu ulioko Dulwich, kusini mwa London, mvulana mweusi mwenye mtungi begani anadhaniwa kuwa Martín, mtoto wa Juana de Santiago, mjakazi wa nyumba hiyo hiyo ya mchoraji.

Turudi karakana, kwa sababu huko ndiko maneno "kusaga rangi" yanakopita harakaharaka kana kwamba ni kazi ya mtoto. Rangi ya karne ya 17 haikuuzwa kwenye kopo. Nyeupe ilitokana na risasi, na ilikuwa sumu. Nyekundu yenye kina ilitokana na wadudu wakavu waliosafirishwa kutoka Mexico. Kahawia na njano zilichimbwa ardhini, nyeusi ilichomwa kutokana na mifupa. Kila moja ilimwagwa juu ya jiwe bapa, ikatiwa mafuta ya kitani tone kwa tone, ikasagwa kwa jiwe la mkononi kwa mzunguko ule ule mpaka iwe laini. Ni kama liwa inavyosagwa, ila saa nzima badala ya dakika tano, na ukikosea hutadaiwa na bi harusi bali na mchoraji wa mfalme. Nyingine hunywa mafuta mengi, nyingine kidogo. Nyingine hukauka kwa siku mbili, nyingine kwa wiki. Turubai nayo inatiwa gundi, inapakwa msingi, inasuguliwa, inapakwa tena. Mtu aliyefanya hayo miaka ishirini anajua kwa vidole vyake mambo ambayo mwanafunzi mwenye karo hajayasikia. Kwamba mtu huyo hakuwahi kugusa brashi mpaka mfalme alipomfumania, mimi sikubali.

Mchoro wenyewe unasafiri

Ukiona michoro ya Kihispania imezagaa London, Paris na Marekani, usidhani yote ilinunuliwa dukani. Jeshi la Napoleon lilipovamia Hispania 1808, majenerali walivua kuta za makanisa na za nyumba za watawa. Mmoja wao, Marshal Soult, alijipatia michoro ya Murillo ya kutosha kujaza nyumba. Joseph Bonaparte, kaka yake Napoleon aliyewekwa mfalme, alipokimbia baada ya pigano la Vitoria 1813, gari lake la mizigo lilikamatwa likiwa na michoro zaidi ya mia mbili, iliyoondolewa kwenye fremu zake na kuviringishwa. Duke wa Wellington, jemadari wa Uingereza aliyeshinda pigano hilo, alitaka kuirudisha. Mfalme wa Hispania akamwambia abaki nayo, na hadi leo mchuuzi wa maji wa Velázquez yuko kwenye nyumba ya Wellington, London. Kisha katika miaka ya 1830 serikali ya Hispania yenyewe ilitaifisha mali za nyumba za watawa, na mafuriko mengine yakafuata.

Pareja wa turubai alipitia njia yake mwenyewe, kwa kuwa yeye hakuwahi kurudi Hispania. Alibaki Italia, akaangukia mikononi mwa Sir William Hamilton, balozi wa Uingereza huko Naples, akauzwa London 1801 kwa gini 39, fedha ya Kiingereza ya zamani. Kufikia 1811 alikuwa kwenye nyumba ya makabaila wa Radnor, Longford Castle, akakaa huko zaidi ya karne moja na nusu. Tarehe 27 Novemba 1970 wanadi wa Christie's, London, wakampiga mnada: pauni 2,310,000. Ulikuwa mchoro wa kwanza duniani kuvuka pauni milioni moja mnadani. Waliouinulia mkono walikuwa wafanyabiashara wa Wildenstein kwa niaba ya Metropolitan, ambao walitangaza ununuzi wao Mei 1971.

Mafundi wa jumba hilo walipousafisha walikuta kwamba kingo za turubai zilikuwa zimekunjwa nyuma ya fremu ya mbao. Sehemu ya mchoro aliyoipaka Velázquez ilikuwa haionekani. Wakaikunjua, na mtu yule akapata nafasi zaidi ya kupumua upande mmoja na juu ya kichwa.

Mazungumzo makubwa ya wakati ule yalikuwa bei. Ni kawaida. Lakini angalia kilichotokea: mtu aliyewahi kuwa na bei amekuwa na bei tena, na safari hii watu wanapiga makofi.

Mtu aliyekwenda kumtafuta mchoraji

Mpaka hapa Pareja ni uso tu. Aliyesema wazi kwamba tumtafute pia kama mchoraji, na akapanda meli kwa ajili hiyo, hakuwa profesa wa chuo chochote. Arturo Schomburg alizaliwa San Juan, Puerto Rico, Januari 1874, miezi kumi tu baada ya Hispania kufuta utumwa katika kisiwa hicho. Alihamia New York, akafanya kazi benki, na mshahara wake ukaishia kwenye vitabu, barua na picha za watu weusi wa pande zote za dunia. Mwaka 1926 maktaba ya umma ya New York ilipata mkusanyo wake kwa dola 10,000, na ndio mzizi wa kituo chenye jina lake Harlem leo. Fedha hizo zilimwezesha kwenda Ulaya. Seville alipekua kumbukumbu, na Madrid, kwenye jumba la Prado, akaukuta mchoro mkubwa wa Pareja wa 1661. Mwaka uliofuata alieleza katika jarida la The Crisis kwamba alikuwa amesafiri maelfu ya maili kuja kuiona kazi ya mtumwa huyu, na kwamba alikaa mbele yake kimya.

Mchoro huo ni wito wa Mathayo. Mtoza ushuru yuko mezani, zulia zuri limefunika meza, juu yake fedha na vito, wenzake wamevaa kama watu wa Madrid ya Philip IV, na Yesu anamwita. Kiswahili kinatupa hapa kitu ambacho Kihispania hakina. Sisi tunasema Mathayo aliitwa kuwa mtume. Mtume na mtumwa wametoka tumbo moja, kitenzi kile kile cha kutuma. Wote wawili wametumwa, tofauti ni nani aliyewatuma na kama waliulizwa. Msomaji wa Biblia anakumbuka Paulo anavyojitambulisha mwanzoni mwa Waraka kwa Warumi kwa maneno hayo mawili, moja baada ya jingine. Wanaoandika vibao vya makumbusho kwa Kiingereza wamebishana miaka ya karibuni kama waache neno lao la zamani la mtumwa, kwa kuwa linaufanya utumwa uwe asili ya mtu, badala ya kitu alichofanyiwa na mtu mwingine. Neno letu linayo ile "w" ya kutendwa katikati. Halisemwi bila kukuuliza: aliyetumwa na nani?

Sasa tazama kushoto kabisa. Mwanamume amesimama, amevaa vizuri, ameshika karatasi, na hatazami muujiza unaotokea mezani. Anatutazama sisi. Ni Pareja mwenyewe, huru wa miaka saba, amejichora.

Na hapa ndipo wanahistoria wanapogawanyika. Pareja huyu wa Pareja si Pareja wa Velázquez. Ngozi ni nyeupe zaidi, pua nyembamba zaidi, sura imenyooshwa. Wapo wanaosema alijipaka weupe ili apokelewe katika nchi iliyokagua damu za watu kama forodha inavyokagua mizigo. Wapo wanaosema mchoro unahusu wito, na katika lugha ya dini ya wakati ule weupe ulikuwa alama ya ubatizo na kuzaliwa upya, kwa hiyo anajionyesha kama mtu aliyeitwa, bega kwa bega na Mathayo. Mimi naona hoja zote mbili zinapita kasi kwenye jambo la kwanza kabisa: sura ile ya Roma aliamuliwa na bwana wake, hii aliamua mwenyewe. Hatujui kioo kilimwambia nini. Tumezoea kuuamini mchoro wa Velázquez kwa sababu ni mzuri zaidi, na ni kweli ni mzuri zaidi, lakini ubora wa brashi hauapishwi mahakamani.

Hiyo ndiyo sababu maonyesho ya Metropolitan ya Aprili hadi Julai 2023 yalikuwa na maana. David Pullins, msimamizi wa michoro ya Ulaya katika jumba hilo, na Vanessa K. Valdés, mtafiti aliyemwandikia sana Schomburg, walifanya jambo ambalo miaka 52 tangu ununuzi utangazwe halikuwa limefanywa pale: walimweka Pareja katikati kama mchoraji. Wito wa Mathayo uliletwa kutoka Prado, ukawa jumba moja na ile sura ya kola nyeupe. Schomburg naye alipewa nafasi yake, picha na maandishi yake, ili mgeni aone kwamba swali halikuanza na jumba lenye fedha bali na karani wa benki. Mtu aliyeingia kumtazama Velázquez alilazimika kwanza kupita kwenye biashara ya watumwa ya Andalusia.

Maonyesho yalifungwa, kuta zikapakwa upya, michoro ya kuazima ikarudi kwao. Kwa aliye mbali, kilichobaki si kidogo. Tangu Februari 2017 Metropolitan wameruhusu picha za kazi zao zisizo na hakimiliki zitumiwe na yeyote kwa jambo lolote, bila kuomba ruhusa, na Pareja yumo. Mwalimu wa Tanga anaweza kuichapa akaibandika darasani kesho asubuhi. Prado nao wameuweka wito wa Mathayo kwenye tovuti yao kwa ukubwa unaoruhusu kuvuta mpaka nyufa za rangi zionekane. Nenda kushoto kabisa, shuka mpaka mkononi. Ile karatasi aliyoshika si ya wakili. Ameandika jina lake juu yake, na mwaka.